Nyumba ya Mbao Kando ya Mto Sázava

Wiki hii mmetuuliza ni taifa lipi ambalo namna yake ya kupumzika imetufunza jambo kuhusu historia yake. Kwangu ni Wacheki, kwa sababu ya nyumba ndogo ya mbao kando ya mto Sázava, ambako familia moja ya Praha ilinikaribisha nilipokuwa mwanafunzi huko katika miaka ya 1980.

Wenyewe huiita chata. Kila Ijumaa mchana magari ya Škoda yaliyosheheni mbao, saruji na miche yalimiminika kutoka mjini, maana mapumziko yao yalikuwa kazi: kupiga randa, kupalilia matango, kudamka kwenda msituni kuokota uyoga, ambao mzee wa nyumba aliujua aina kwa aina kama mvuvi ajuavyo samaki wake. Usiku tuliuzunguka moto tukichoma soseji nene zilizochanjwa ncha, huku gitaa likipokezanwa.

Ilinichukua muda kuelewa kwa nini waliipenda mno. Mwaka 1862, wakiwa bado chini ya Austria, Miroslav Tyrš na Jindřich Fügner walianzisha Praha chama cha mazoezi ya viungo cha Sokol, na watu wakajiunga nacho kwa hiari yao kama Wacheki. Utawala wa kikomunisti ulioshika nchi mwaka 1948 ulikizima, na kuanzia 1955 ukaweka mahali pake Spartakiada, maonyesho ya mazoezi ya halaiki yaliyoandaliwa na serikali, ambapo maelfu walinyoosha mikono kwa pamoja katika uwanja wa Strahov. Kisha, Agosti 1968, majeshi ya Mkataba wa Warsaw, muungano wa kijeshi ulioongozwa na Umoja wa Kisovieti, yakaivamia nchi. Watu walionyimwa siasa na safari za nje wakaelekeza nguvu zao kwenye vibanda vya mbao, mahali pekee ambapo mtu aliamua mwenyewe dirisha likae wapi, na serikali ikawaachia.

Lipo pia jambo zito ambalo nisingependa kulificha. Nyumba nyingi za kale za vijiji vya mpakani, ziitwazo chalupa, ziligeuzwa za mapumziko baada ya Wajerumani wapatao milioni 3 waliokuwa wakazi wa huko kufukuzwa nchini kufuatia vita vilivyokwisha mwaka 1945. Furaha ya wikendi ya familia moja ilikaa juu ya msingi uliochimbwa na familia nyingine.

Leo Wacheki husafiri watakako, lakini chata hawajaziacha. Nilipoitembelea tena ile ya Sázava, mjukuu wa mzee alinipokea mlangoni, akanipa ndara za kuvaa ndani, kisha akaniuliza kama bado naukumbuka uyoga wenye sumu.