Nataka faili langu na mkataba wa barabara: barua moja au mbili?

SWALI: Ninaishi British Columbia, Kanada. Nataka nakala ya faili langu lililoko katika idara ya serikali ya jimbo, pamoja na mkataba wa barabara inayojengwa mtaani kwetu. Naweza kuomba vyote kwa barua moja?

JIBU: Andika mbili. Sheria ya jimbo ya uhuru wa habari na ulinzi wa faragha hukupa taarifa zako binafsi bila ada ya maombi. Kwa kumbukumbu nyingine, ofisi inaweza kudai dola 10, na hiyo ni ya kuomba tu. Saa 3 za kwanza za kutafuta hati ni bure. Zikizidi, unaweza kutozwa. Ndiyo maana “hati zote kuhusu barabara” ni ombi baya: taja mkataba, idara na kipindi.

Ofisi ina siku 30 za kazi kujibu, na inaweza kujiongezea nyingine 30. Wikendi na sikukuu hazihesabiki, kwa hiyo usianze kulalamika mwezi ukiisha.

Tarajia mistari iliyofichwa. Kifungu cha 22 hulinda faragha ya watu wengine, hata wakitajwa ndani ya faili lako. Kila kilichofichwa lazima kitajiwe kifungu. Usiporidhika, peleka ombi la mapitio kwa Kamishna wa Habari na Faragha wa jimbo ndani ya siku 30 za kazi.

Ukikuta kosa kwenye faili, omba lisahihishwe. Wakikataa, wanapaswa kuambatanisha ombi lako kwenye kumbukumbu hiyo.