Maswali ya wasomaji: ClamAV, programu ya kusaka virusi, inapochelewa, inapogoma na inapofuta

SWALI: Seva yangu ya Debian ina RAM ya GB 1. Nikiendesha `clamscan -r /home`, amri ya ClamAV ya kukagua faili, inakaa kimya muda mrefu, na mara nyingine inakatika na kuandika "Killed" tu. Je, programu imeharibika?

JIBU: Programu ni nzima, ndugu msomaji, RAM ndiyo haitoshi. Kila unapoiita `clamscan`, huanza kwa kupakia upya alama zote za virusi (vielelezo vya kuvitambulia) zilizomo `/var/lib/clamav`, kabla haijagusa hata faili moja. Alama ni mamilioni, na zikishapakiwa hula zaidi ya GB 1. Huo ndio ukimya unaouona. RAM ikiisha, kerneli (kiini cha mfumo) huua mchakato unaokula zaidi. Hakikisha kwa `sudo dmesg | grep -i "out of memory"`. Jina la clamscan likitokea, umempata mhusika.

Dawa ya kweli ni kuongeza RAM hadi GB 3 au zaidi. Kwa sasa tengeneza faili la swapu, yaani nafasi ya diski inayoisaidia RAM:

`sudo fallocate -l 2G /swapfile`
`sudo chmod 600 /swapfile`
`sudo mkswap /swapfile`
`sudo swapon /swapfile`

Ukaguzi utakwenda polepole, lakini utafika mwisho.

Ukishapata RAM ya kutosha, sakinisha `clamav-daemon`. Huduma hii hupakia alama mara moja na kukaa nazo, kwa hiyo `clamdscan` huanza kazi papo hapo. Wengi hukwama hapa kwa "Permission denied", hata wakitumia sudo, kwa sababu anayefungua faili ni huduma yenyewe, nayo huendeshwa na mtumiaji `clamav` asiye na ruhusa katika folda za watu. Andika hivi, ili kwa `--fdpass` faili zifunguliwe kwa ruhusa yako ya sudo:

`sudo clamdscan --fdpass --multiscan -i /home`

Na kumbuka, `clamdscan` haisikii `--exclude-dir`. Folda za kuruka huandikwa kwa `ExcludePath` katika `/etc/clamav/clamd.conf`. Humo humo weka `ConcurrentDatabaseReload no` kama RAM ni ya kubana. Bila hivyo, kila alama zinaposasishwa, za zamani na mpya hukaa pamoja kwa muda na matumizi ya RAM hukaribia mara mbili.

SWALI: `sudo freshclam`, amri ya kusasisha alama za virusi, inakataa, inasema faili la `freshclam.log` limefungwa.

JIBU: Huduma ya `clamav-freshclam` inasasisha tayari bila wewe kuiambia. Huna haja ya kufanya lolote. Ukitaka kusasisha kwa mkono, izime kwa `systemctl stop`, endesha amri yako, kisha iwashe tena.

SWALI: Nitumie `--remove` katika `clamscan` ili virusi vifutwe vyenyewe?

JIBU: Usitumie, tafadhali. Faili safi huweza kushukiwa kimakosa, na seva nyingine huweka barua pepe zote za mtu katika faili moja: kiambatisho kimoja kibaya kinatosha kufuta sanduku zima. Hata kuhamisha hulitoa sanduku mahali pake, ila hapo unaweza kulirudisha. Tengeneza kwanza folda `/var/karantini`, ipe `chmod 700`, halafu:

`sudo clamscan -r -i --alert-exceeds-max=yes --log=/root/ukaguzi.log /home`

Soma orodha kwanza. Ukiridhika, rudia amri na `--move=/var/karantini` badala ya `--alert-exceeds-max=yes`. Chaguo la `--alert-exceeds-max=yes` ni muhimu katika mzunguko wa kwanza: bila hilo, faili linalozidi kikomo cha ukubwa haliripotiwi, nawe utadhani limekaguliwa likaonekana safi.