Wakili wa Bara kuomba kazi ya sheria Zanzibar: chagua mlango kwanza

Mleta uzi yuko Ujiji, ana shahada ya sheria na amemaliza Shule ya Sheria, anauliza kama ataomba uanasheria wa serikali Zanzibar kama anavyoomba Dodoma.

Mkuu, hapana. Utumishi wa SMZ (Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar) si jambo la Muungano. Matangazo yake karibu yote huanza na sharti la kuwa Mzanzibari, na wanataka nakala ya kitambulisho cha huko. Kitambulisho cha NIDA peke yake hakikufikishi kwenye usaili. Uzanzibari una sheria yake ya 1985. Kama una mzazi wa Unguja au Pemba, fuatilia haki yako sasa hivi, maana tangazo likishatoka muda ni mfupi. Kama huna, usihangaike kutuma maombi.

Mlango uliobaki ni taasisi za Muungano zenye ofisi visiwani: TRA (mamlaka ya mapato), Benki Kuu na nyinginezo. Baadhi hupitisha nafasi zao Sekretarieti ya Ajira, baadhi hutangaza zenyewe. Kituo hupangiwa, huchagui. Unaweza kuomba ukiota Forodhani ukapelekwa Mpanda.

Ukipata usaili, kinachowaangusha wengi wa Bara ni kujibu kwa sheria za Bara. Ukiulizwa mgogoro wa ajira ukataja Sheria Na. 6 ya 2004, umekwisha. Zanzibar wana Sheria ya Ajira Na. 11 ya 2005, na watumishi wa umma wana yao, Na. 2 ya 2011. Ardhi ni Sheria Na. 12 ya 1992 na kesi zinakwenda Mahakama ya Ardhi. Mabaraza ya ardhi ya wilaya tuliyoyazoea hapa Kigoma hayapo kule. Jinai nayo ina sheria mbili za 2018, Na. 6 ya makosa na Na. 7 ya mwenendo.

Soma kifungu cha 132 cha Katiba ya Zanzibar ya 1984 mpaka ukielewe. Sheria ya Bunge haitumiki Zanzibar mpaka iwe ya jambo la Muungano na Waziri anayehusika aipeleke mbele ya Baraza la Wawakilishi, chombo cha kutunga sheria cha Zanzibar. Mwanasheria wa taasisi ya Muungano aliyeko Unguja hupigwa pingamizi hapo hapo: sheria anayoitegemea ilifika Barazani au haikufika? Kisha kifungu cha 99: tafsiri ya Katiba hiyo na mashauri ya Kiislamu yaliyoanzia kwa Kadhi hayaendi Mahakama ya Rufani.

Kuapishwa uwakili Bara hakukupi ruhusa ya kusimama Mahakama Kuu ya Zanzibar. Wana Jaji Mkuu wao na orodha yao ya mawakili. Mahakama ya Rufani ndiyo ya pamoja.

Nauli nayo uiweke kando mapema. Wito wa usaili huja ghafla, na treni ya Kigoma haijui haraka yako. Panda basi, ulale Dar, uchukue boti ya asubuhi, na vyeti halisi uvishike mkononi.