Kwa nini wimbo wa watoto unatisha kwenye filamu

Dada, umeuliza kwa nini filamu za kutisha hupenda wimbo wa watoto, na kwa nini unaogofya kuliko mayowe. Nionavyo, ni kwa sababu tuliujua kabla hatujajua woga wenyewe. Mwongozaji wa filamu Fritz Lang alilishika hilo mapema: filamu yake M ya mwaka 1931 inaanza na watoto wa Berlin wamesimama duara, mmoja akiwahesabu wenzake kwa wimbo wa muuaji anayekuja na kishoka. Neno la mwisho likikuangukia, unatoka. Mama mmoja anawakemea kutoka juu, akiondoka tu wanaendelea. Damu huioni, lakini mwili unasisimka.

Sasa chukua Ukuti ukuti wetu. Hapa Ngamiani, Tanga, tumeucheza sana jioni, tumeshikana mikono, "watete, watete, watetemeka", tunacheka mpaka tunaitwa kuoga. Hebu umsikie mtoto mmoja akiuimba peke yake, taratibu, usiku, umeme umekatika na minazi inavuma. Maneno ni yaleyale! Natamani sana mwongozaji wa hapa kwetu akichukue kipande hicho, asiongeze muziki wowote.