Wasomaji Wauliza: Riwaya Inayokufa Ukurasa wa Arobaini

Nafundisha sekondari mkoani Singida. Nimeanza riwaya tatu na zote zimekufa kwenye ukurasa wa thelathini na kitu, arobaini. Mwanzoni msukumo huwa mkubwa, halafu unakatika kama umeme. Nisubiri urudi, au nianze ya nne?

Usianze ya nne, mwalimu, nayo itafia palepale. Kurasa za mwanzo huenda kwa ugeni wake tu: mahali papya, majina mapya, raha ya kueleza. Ugeni ukiisha, hadithi inamhitaji mtu anayetaka kitu. Chukua kila mswada, uuandikie sentensi moja yenye mambo matatu: nani anataka nini, nani anamzuia, na akikosa atapoteza nini. "Mama anarudi Pangani baada ya miaka ishirini" ni hali tu, haina pa kwenda. "Mama anarudi Pangani kudai shamba la minazi ambalo mdogo wake ameshauza nusu, na mnunuzi anaanza kukata minazi mwisho wa mwezi" tayari ina mbio zake. Miswada mingi inayokwama haina jambo la tatu. Mhusika akikosa, anarudi nyumbani kulala, basi.

Ukishaipata sentensi, chagua mswada mmoja kati ya ile mitatu na uuwekee kipimo kidogo: maneno 300 kwa siku, siku tano kwa wiki. Hayo ni 1,500 kwa wiki, na kwa wiki arobaini ni 60,000, riwaya kamili. Kila siku kabla ya kuanza, soma ukurasa wa mwisho peke yake. Anayerudi sura ya kwanza kila siku huishia kuipiga pasi sura ya kwanza mwaka mzima. Na ukifunga daftari, funga ukiwa bado unajua kinachofuata, hata katikati ya mazungumzo ya wahusika. Kesho utaanza ukiwa na pa kushika.

Kuhusu msukumo wenyewe, beba kijitabu kinachoingia mfukoni na uandike jambo moja tu kwa siku, ulivyoliona au ulivyolisikia. Si "soko lilijaa watu", hilo kila mtu analijua. Andika kwamba muuza maharage anapimia kopo ambalo kitako chake kimebonyezwa kwa ndani, na kabla ya kumimina anakifunika kwa kiganja. Kwenye ule mbonyeo kuna tamaa, kuna ujanja, na kuna swali: nani ataugundua leo? Weka tarehe na mahali, maana baada ya miezi sita hutakumbuka lilikuwa soko gani.

Mimi ni mtunzi wa mashairi ya arudhi, yale yenye vina na hesabu ya silabi, Mombasa. Nimo katika kundi la WhatsApp lenye washairi zaidi ya mia moja. Kila nikituma shairi napata "Heko malenga!" na vikopa vyekundu. Sijawahi kuonyeshwa kosa, na najua makosa yamo.

Kundi la watu mia ni baraza la pongezi. Lifurahie, lakini kazi ipeleke kwingine. Tafuta wasomaji wanne au watano, wasizidi sita, wanaoweza kukutana kila baada ya wiki mbili, ana kwa ana au kwa simu. Kila kikao kisomwe kazi za watu wawili tu: mashairi matatu kwa mshairi, au kurasa nane kwa mwandishi wa hadithi. Zitumwe siku nne kabla. Anayesomewa anyamaze dakika kumi na tano, asijitetee wala asifafanue, maana kitabu hakitauzwa pamoja naye akifafanua pembeni. Wenzake wajibu maswali matatu: Ulichokea wapi? Nini hukukielewa? Unakumbuka nini bila kutazama karatasi?

Wawili wakikwama mahali pamoja, kosa liko hapo au ubeti mmoja nyuma. Dawa wanayopendekeza huwa si yako. Chukua ugonjwa waliouona, tiba tafuta mwenyewe.

Kwa arudhi ongezeni zoezi moja: mmoja asome kwa sauti, mwingine agonge meza kila mizani, yaani kila silabi. Kwenye tarbia, shairi la mistari minne kwa ubeti, yenye mizani kumi na sita kwa mshororo (mstari), nane kwa nane, masikio hukamata kilichopita macho. Makosa mengi yako kwenye m na n zinazosimama peke yake. "Mtu", "nchi" na "mbwa" zina mizani mbili kila moja. "Mbuzi" na "ngoma" nazo ni mbili, si tatu, kwa kuwa pale herufi ya kwanza imeshikana na ya pili. Anayehesabu kwa macho hulijaza pengo kwa "pia" au "hakika", na msomaji anakisikia kiraka.

Vikundi hivi huvunjika kwa sababu mbili: mmoja anageuka mwalimu wa wengine, au vikao vinageuka kijiwe. Mshika saa abadilike kila mara. Asiyeleta kazi mara mbili mfululizo aendelee kusoma za wenzake, ila zamu yake ipite.

Mume wangu anasema uandishi ni kupoteza muda. Nimfanyeje? Dodoma.

Dada, mwombe saa moja. Imani itakuja ikitaka. Kubalianeni saa yenyewe, tuseme kumi na moja hadi kumi na mbili alfajiri, na nani atainjika chai siku hizo. Rasimu usimsomee. Kazi mbichi mbele ya mtu mwenye shaka humpa ushahidi.

Mchapishaji ameniomba shilingi milioni tatu atoe kitabu changu. Ni kawaida?

Mchapishaji hugharimia kitabu na kukulipa mrabaha, yaani fungu lako la mauzo. Anayekutoza wewe ni mpiga chapa. Si dhambi kumlipa mpiga chapa, lakini basi mkataba uwe wa mpiga chapa: idadi ya nakala, gramu za karatasi, tarehe ya kukabidhi, faili la mwisho mikononi mwako, na haki zote zibaki kwako. ISBN, namba ya utambulisho wa kitabu, omba mwenyewe, Tanzania kwa Bodi ya Huduma za Maktaba. Hakimiliki unayo tangu ulipoandika. Kusajili kwenye ofisi ya hakimiliki, COSOTA kwa Tanzania au KECOBO kwa Kenya, kunakupa ushahidi siku ya ugomvi.

Kabla ya kutoa hiyo milioni tatu, jaribu milango miwili: Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, chini ya Taasisi ya Elimu Tanzania, iliyotolewa mara ya kwanza Aprili 13, 2023, na Tuzo ya Kiswahili ya Safal-Cornell, iliyoanzishwa 2014, ambayo hupokea miswada isiyochapishwa. Soma masharti ya mwaka husika neno kwa neno, hasa urefu na tarehe ya mwisho. Na kama mkataba wa huyo bwana una kifungu cha "haki zote, kwa lugha zote, milele", mrudishie bila sahihi.