Usinyoe kipara kabla hujaona jedwali la siku

Usisaini mkataba Ijumaa. Na hiyo mashine ya kunyolea irudishe kabatini.

Kwa watakaoufikia uzi huu wakiwa wamechelewa: mwenzetu kapewa nafasi ya adui mkuu kwenye tamthilia. Siku 9 za kushuti zilizotawanywa ndani ya miezi minne, analipwa kwa siku, anatakiwa anyoe kipara, afuge ndevu na awe "tayari muda wote wa uzalishaji". Anauliza akinoe vipi kicheko cha kijambazi, atume picha za aina gani kwa wanaosaka waigizaji, kama atakwama kwenye ubaya mpaka uzeeni, na mwisho kabisa, kama mtu anayeulizia chumvi, je kuna tatizo akinyoa? Mkuu, umeanza na kicheko! Hela yako yote iko kwenye hilo swali la mwisho.

Piga hesabu. Nywele za kichwani zinakua kati ya sentimita 1 na 1.25 kwa mwezi. Umesema zako zina urefu wa sentimita 6 hivi. Utakaa na kipara miezi minne, kisha utahitaji kama mitano mingine ili urudi ulipo leo. Umelipwa siku 9, umekabidhi kichwa miezi 9. Hapo sijagusa siku za marudio, yaani za kushuti upya. Hizo huja baada ya mhariri kukaa na picha na kugundua kuwa sini ya ghala haiungani na ya gari, na huenda miezi miwili au mitatu imeshapita. Unapigiwa simu nywele zikiwa na sentimita 3, unanyoa tena, hesabu inaanza sifuri. Kama mkataba umeandika "muda wote wa uzalishaji" bila tarehe ya kwisha, hata pa kulalamikia huna.

Sasa kwa nini siku 9 zinamezwa na miezi minne? Si kwamba prodyusa anakuchukia. Ratiba hupangwa kwa kufuata lokesheni na kumfuata stelingi, kwa sababu stelingi yumo karibu kila sini. Adui anaonekana kidogo lakini kila mahali: maficho siku tatu, mtaani siku moja, ile simu ya vitisho nusu siku, mahakamani siku moja, halafu pambano la mwisho. Pambano la mwisho karibu kila mara linasukumwa mwishoni mwa ratiba, na sababu zake ni za msingi kabisa. Stelingi akiteguka kifundo wiki ya kwanza, kazi yote inasimama. Seti inavunjwa, hairudishwi. Damu ya bandia ikishaingia kwenye shati haitoki vizuri, kwa hiyo mavazi yale yanachafuliwa pale tu ambapo hayahitajiki tena kwingine. Matokeo yake wewe ndiye unayefungua kazi na ndiye unayeifunga, katikati umekaa nyumbani na kipara chako unatazama dari. Hulipwi, na huwezi kwenda kuigiza daktari kwa sababu daktari wao ana nywele.

Halafu kuna wale wa "jitoe kwa uhusika". Nawaona hapo juu wameshajaa. Jitoe, nyoa, kula wembe, sanaa ni kafara. Maneno hayohayo niliuziwa na wakala mmoja aliyevaa kofia ya bei mbaya, na nataka mjue anavyohesabu: asilimia yake inatoka kwenye siku ulizolipwa, inamfikia mwezi wa kwanza, na haina mizizi ya kuota kwa sentimita. Akikuambia "saini kwanza, vipengele tutarekebisha mbele ya safari", hiyo safari ni yako peke yako, yeye kashashuka kituo cha kwanza. Na yule mtaalamu wa video za dakika tatu anayesema mwigizaji mzuri habishani juu ya mkataba, muulizeni mara ya mwisho alishika skripti lini. Sina kinyongo, nauliza tu.

Sheria ninayoishikilia ni moja: muda wanaoushika uso wako ndio muda wanaoulipa. Mengine yote ni mapambo.

Namna ya kuidai. Kwanza omba jedwali la siku za waigizaji. Msaidizi wa kwanza wa muongozaji analo, au anapaswa kuwa nalo. Linaonyesha kila mwigizaji anaanza siku gani, anafanya kazi zipi, anashikiliwa bila kazi zipi na anamaliza lini. Wakisema halijawa tayari, basi na mkataba haujawa tayari. Likija, usitazame siku za kazi, tazama mapengo. Pengo la siku mbili si kitu. Pengo la wiki tano ndilo la kuzungumzia.

Ombi la kwanza liwe kuzikusanya. Maficho, simu na mahakama vinaweza kukaa kwenye wiki mbili zinazofuatana bila kuvuruga lokesheni kubwa, pambano likabaki peke yake mwisho. Hapo lete mazungumzo ya kofia ya kipara kwa ile siku moja au mbili za mwisho. Watakataa, na nusu ya kukataa kwao ina ukweli: kofia hiyo ni utando mwembamba wa mpira au plastiki, nywele zinalainishwa na kulazwa kwa jeli, kingo zinabandikwa kwenye paji, nyuma ya masikio na kisogoni, na ukiharakisha inakula saa moja na nusu mpaka mbili. Nywele zikiwa nyingi kichwa kinatoa vinundu. Jasho la pambano linainua ukingo wa paji, na ukigeuza shingo kisogo kinajikunja kama soksi. Kwa picha ya mbali inapita. Kwa adui, ambaye kamera inapenda kumsogelea mpaka vinyweleo na taa ikimpiga kutoka chini, itaonekana. Ila nusu nyingine ya kukataa ni bajeti tupu. Kofia ina gharama, mtu wa meikapu ana gharama, wembe juu ya kichwa chako kwao ni bure. Kwa hiyo waambie: sawa, nanyoa, lakini siku za kushikiliwa zilipwe. Anza kwa nusu ya kiwango cha siku, na chini ya robo ondoka mezani.

Kisha andikisha tarehe ya kuachiwa sura, yaani siku unayoruhusiwa kuanza kuotesha nywele. Si "baada ya uzalishaji", ni tarehe yenye siku na mwezi. Ikipita, wakikuhitaji kwa marudio wanapanga na ratiba yako na wanalipa upya, na kama nywele zimeshaota, wigi au kofia ni juu yao. Ndevu ziandikwe palepale, kwa sababu kila mtu anazisahau. Na saa za meikapu zihesabiwe kama saa za kazi, la sivyo utakaa kitini tangu alfajiri halafu wakwambie siku yako imeanza saa nne.

Kingine, sura kwa maana pana. Mwigizaji Bela Lugosi alilipwa dola 500 kwa wiki, wiki saba, kuigiza mnyonya damu kwenye filamu ya Dracula ya 1931. Jumla dola 3,500. Uso ule ukaja kuuza bidhaa kwa miaka, mjane na mwanawe wakashtaki studio, na mwaka 1979 Mahakama ya Juu ya California ikawaambia haki ya kuuza sura yake haikurithika. Sheria ya huko ilibadilishwa baadaye, wao walishashindwa. Kwa hiyo kama mkataba wako una mstari kuhusu fulana, michezo ya kompyuta au matangazo, usiuruke.

Na kuumia. Maadui ndio wanaoanguka, wanaoungua, wanaolipuliwa. Margaret Hamilton aliungua uso na mkono tarehe 23 Desemba 1938 akiigiza mchawi mbaya wa filamu ya The Wizard of Oz, rangi ya kijani aliyopakwa ikiwa na shaba ndani yake, ikabidi isuguliwe kwa alkoholi juu ya kidonda kibichi. Alikaa nje kama wiki sita, na aliporudi alikataa kazi yoyote yenye moto. Uliza bima ni ya nani na inaanza lini.

Utasema Amrish Puri, mwigizaji wa maadui kwenye filamu za Kihindi, alinyoa kwa ajili ya Indiana Jones and the Temple of Doom ya 1984 na kipara kikamjengea jina. Kweli, lakini yeye alikichagua kiwe chake moja kwa moja. Mtu wa kipara cha kudumu anavalishwa wigi kwa urahisi, linakaa bapa, ndiyo maana Mogambo, adui aliyemwigiza kwenye Mr. India ya 1987, ana nywele na hakuna aliyeshtuka. Kama unataka njia hiyo, nyoa, hesabu yangu haikuhusu. Ila umesema mwezi wa tatu una mchezo wa jukwaani. Huwezi kuwa nusu Puri.

Kukwama kwenye ubaya: dawa ni kuwa huru siku simu ya nafasi nyingine inapoita. Mwigizaji Pran alikuwa adui wa filamu za Kihindi kwa miaka, 1967 akapewa mzee mwema, na watazamaji wakampokea. Hamilton huyohuyo miaka ya 1970 alitangaza kahawa kwenye televisheni akiwa mama muuza duka mpole. Sasa fikiria simu kama hiyo inakuja wiki ya tano ya pengo lako na mkataba unasema "tayari muda wote".

Kicheko? Sijui, cheka tu. Kulikuwa na swali la picha pia, mtu mwingine amjibu.

Waandikie leo, omba jedwali. Likija, liweke hapa ukiwa umefuta jina la kampuni, tuyahesabu mapengo kabla ya Ijumaa.