Upweke hausikiki kwa kufuta sauti

Swali: Nimetengeneza filamu fupi ya majaribio, dakika 9. Mwanamke yuko peke yake chumbani, hasemi neno. Anasubiri simu isiyolia, mwishowe anaigeuza kifudifudi. Nimefuta sauti zote ili mtazamaji auhisi upweke wake, lakini kila ninayemwonyesha anadhani spika zimekufa. Niweke muziki?

Jibu: Muziki uache kwanza. Utamwamuru mtazamaji ahisi nini hata kabla hajamtazama huyo mwanamke usoni.

Hakuna chumba kisicho na sauti kabisa, na sikio linalijua hilo. Mtazamaji akikutana na utupu, anatoka ndani ya filamu na kuanza kusikiliza ukumbi alimokaa. Ni kweli filamu ya mwongozaji Maya Deren ya 1943, Meshes of the Afternoon, ilikaa bila sauti hadi muziki ulipoongezwa 1959, ila zama zile watu walikuwa bado wanazifahamu filamu bubu.

Rudi chumba kilekile, saa ileile mliyopiga picha, watu wote watulie, urekodi mvumo wake kwa sekunde 60. Utandaze chini ya filamu nzima, hafifu, usikatike hata picha inapobadilika.

Kisha vitu vidogo, na hapa ndipo penye kazi. Sauti ya mbali hutufikia imechanganyika na mwangwi wa kuta; ya karibu huja kavu. Basi rekodi upya pumzi yake, kijiko kikigusa kikombe, kidole kikipita juu ya shuka, maikrofoni ikiwa sentimita 15 hivi, mahali penye nguo nyingi za kumeza mwangwi. Ziweke sauti hizo kwenye picha ya mbali, ile anayoonekana mdogo pembeni mwa fremu. Jicho litamwona yuko kule, sikio litakuwa naye kifuani. Hapo hutahitaji msimulizi wa kutueleza anawaza nini.

Ulimwengu wa nje uweke nyuma ya ukuta. Kuta huzuia zaidi sauti nyembamba kuliko nzito, kwa hiyo chukua mazungumzo ya majirani, punguza sana masafa yanayozidi hertzi 1,000, yaani ule wembamba wa sauti. Utabaki mnong'ono wa watu wanaofurahi, maneno yasishikike. Sijui sauti inayouma kuliko hiyo.

Kimya chako usikitupe. Kiweke mara moja tu, sekunde 3 au 4, anapoigeuza simu. Mvumo uliokwisha kuzoeleka ukikatika ghafla, mtazamaji atashtuka bila kujua kwa nini.

Halafu isikilize filamu kwenye spika ya simu pia. Spika hizo hazitoi sauti nzito, na mvumo wote unaweza kupotea. Uongezee mvumo hewa kidogo ya masafa ya kati, sauti isiyo nzito wala nyembamba.